Dawa iliyoidhinishwa kwa jibu nusu: kisa cha AZT

Septemba 1986, kamati huru iliyokuwa ikifuatilia usalama wa jaribio la dawa ya UKIMWI nchini Marekani ilifungua takwimu na kukuta tofauti ambayo si ya kawaida katika utafiti wa dawa. Kati ya wagonjwa 137 waliokuwa wakimeza vidonge visivyo na dawa, 19 walikuwa wamekufa. Kati ya 145 waliokuwa wakimeza dawa yenyewe, azidothymidine, au AZT kwa ufupi, alikuwa amekufa mmoja. Jaribio lilipangwa kwenda wiki 24 kwa kila mgonjwa. Likasimamishwa, na wale waliokuwa wakipewa vidonge vitupu wakapewa AZT nao.

Karibu miaka 40 baadaye, bado wapo wanaoamini kwamba hesabu zile zilipikwa, na wapo wanaoamini kwamba AZT ndiyo iliyowaua watu iliyodaiwa kuwaokoa. Msimamo wangu nauweka wazi mapema. Kulisimamisha jaribio ilikuwa sahihi. Tofauti ya vifo ilikuwa ya kweli. Na dawa ile, kwa kipimo kilichotumika wakati huo, ilikuwa kali kiasi cha kuwadhuru vibaya baadhi ya waliotibiwa nayo. Mambo hayo matatu yanakaa pamoja bila kugongana. Kilichoharibika ni kilichofuata: jibu la swali finyu, lililohusu watu waliokuwa mahututi na kwa muda wa miezi michache tu, likachukuliwa kuwa jibu la maswali mengine ambayo jaribio halikuyagusa kabisa.

Ilikotoka

AZT haikutengenezwa kwa ajili ya UKIMWI. Jerome Horwitz aliitengeneza Detroit mwaka 1964, kwa fedha za serikali ya Marekani, akitafuta dawa ya saratani ya damu. Haikuwasaidia panya wa maabara, akaiweka kando bila hata kuiombea hataza. Mwaka 1974 Wolfram Ostertag, akiwa Göttingen, Ujerumani, alionyesha kwamba inazuia aina fulani ya virusi vya panya visizaliane. Wakati huo hakuna aliyeona matumizi ya ugunduzi huo kwa binadamu.

Mambo yalibadilika baada ya virusi vya UKIMWI kutambuliwa mwaka 1983. Kampuni ya Burroughs Wellcome ya North Carolina ilipekua akiba yake ya kemikali za zamani na kupeleka baadhi kwenye Taasisi ya Taifa ya Saratani ya Marekani, ambako Samuel Broder na wenzake, akiwemo Hiroaki Mitsuya, walikuwa na maabara iliyokubali kushika virusi hai, kazi ambayo wengi waliikimbia. Februari 1985 maabara hiyo iliona AZT ikizuia virusi kwenye chembe zilizooteshwa. Julai mwaka huo huo mgonjwa wa kwanza akaanza kuipewa.

Namna inavyofanya kazi ndiyo ufunguo wa mzozo mzima, kwa hiyo inafaa kuielewa. VVU hubeba maelekezo yake kwenye RNA. Ili kuitawala chembe ya binadamu, lazima kwanza vigeuze maelekezo hayo kuwa DNA, na kazi hiyo hufanywa na kimeng'enya chao maalumu. Kimeng'enya hicho huunga DNA kipande baada ya kipande, kama mtu anayetunga shanga. AZT imefanana na mojawapo ya vipande hivyo, thymidine, ila pale ambapo kipande kinachofuata kingeshikana, yenyewe ina atomi tatu za naitrojeni. Kimeng'enya kikiikamata kwa makosa, mnyororo unaishia hapo.

Sasa, chembe zetu nazo hutengeneza DNA kila siku. Vimeng'enya vyetu havidanganyiki na AZT kwa urahisi kama cha virusi, lakini havijasalimika kabisa. Uboho wa mifupa, unaozalisha seli za damu usiku na mchana, ndio unaoumia kwanza. Hivyo basi, nguvu ya dawa na ubaya wake vilitoka mahali pamoja. Tangu mwanzo swali la maana lilikuwa ni kiasi gani, apewe nani, na kwa muda gani.

Jaribio la 1986

Walioandikishwa walikuwa 282, katika vituo 12 vya Marekani, kuanzia Februari 1986. Wote walikuwa wameugua kweli: ama wamepata nimonia ya Pneumocystis hivi karibuni, ama wako kwenye hatua inayoelekea huko. Dozi ilikuwa miligramu 250 kila baada ya saa nne, yaani miligramu 1,500 kwa siku. Tafsiri ya hilo nyumbani kwa mgonjwa ni kwamba kengele inalia saa sita usiku, inalia tena saa kumi alfajiri, kila siku, na mtu aliyedhoofika anainuka kitandani kumeza dawa inayomtia kichefuchefu na kuumwa kichwa. Miaka iliyofuata, mlio wa visanduku vya vidonge ulikuwa kitu cha kawaida kwenye mikusanyiko ya mashoga wa New York na San Francisco.

Kwa upande wa faida, matokeo yaliyochapishwa Julai 1987 yalionyesha zaidi ya tofauti ya vifo. Magonjwa nyemelezi yalijitokeza kwa wagonjwa 45 wasiopewa dawa na kwa 24 waliopewa. Waliopewa waliongezeka uzito, na chembe zao za CD4, askari wa kinga ambao virusi huwashambulia, zilipanda kwa muda. Kwa upande wa madhara, karibu robo ya waliotumia AZT, asilimia 24, hemoglobini yao, kipimo cha wingi wa damu, ilishuka chini ya gramu 7.5 kwa desilita, ilhali kwa kundi la pili ni asilimia 4. Asilimia 21 waliongezewa damu zaidi ya mara moja. Mtu yeyote aliyewahi kumuuguza mgonjwa mwenye damu ya kiwango hicho anajua hali yake: kupanda ngazi kunamshinda.

Wakosoaji walishika mambo mawili, na yote mawili yana uzito.

La kwanza ni siri ya jaribio. Mgonjwa na daktari hawakutakiwa kujua nani anameza nini. Lakini hawa walikuwa watu ambao maji yamewafika shingoni. Wapo waliofungua vidonge na kuvionja, na wapo waliogawana dawa na marafiki ili kila mmoja apate angalau kidogo. Madaktari nao, kwa kutazama tu majibu ya damu, wangeweza kukisia, kwa kuwa AZT huzifanya seli nyekundu kuwa kubwa kuliko kawaida. Kwa hiyo siri ilivuja. Swali ni kama kuvuja huko kunaweza kueleza vifo 19 kwa 1. Mimi naona hapana. Daktari anayejua mgonjwa wake anapata dawa anaweza kumhudumia kwa bidii zaidi, au kuripoti dalili kwa matumaini zaidi, na hayo yangeyumbisha vipimo vyepesi kama namna mgonjwa anavyojisikia. Lakini kifo hakisajiliwi kwa matumaini. Na kugawana vidonge kungepunguza tofauti kati ya makundi, kwa sababu aliyetakiwa kukosa dawa angeipata.

La pili ni zito zaidi, nalo halijajibiwa hadi leo kwa jaribio lile lenyewe. Siku lilipokatishwa, wagonjwa 27 tu ndio walikuwa wametimiza wiki 24. Wengine 152 walikuwa wamefika wiki 16, na waliobaki angalau wiki 8. Na kwa kuwa kundi la vidonge vitupu lilihamishiwa kwenye AZT, hapakubaki watu wa kulinganisha nao. Mtu akiuliza, je, baada ya mwaka mmoja au miwili faida inaendelea? Jaribio halina cha kumwambia.

Januari 1987, kamati ya washauri wa Mamlaka ya Chakula na Dawa ya Marekani, FDA, ilikutana kuamua. Kura zilikuwa 10 kwa 1. Aliyekataa alikuwa mwenyekiti wao, Itzhak Brook, ambaye hoja yake ilikuwa kwamba ushahidi ni wa muda mfupi mno na kwamba dawa ikishaenea haitawezekana tena kuichunguza ipasavyo. Machi 1987 FDA ikaidhinisha. Tangu mgonjwa wa kwanza hadi idhini, haikufika miaka miwili.

Ningekuwa kwenye meza ile ningepiga kura pamoja na wale kumi, kwa sababu watu walikuwa wanakufa na hapakuwa na dawa nyingine yoyote. Lakini Brook alisema kweli, na kosa kubwa ni kwamba baada ya kushindwa kwa kura, hoja yake ilizikwa pamoja na kura yake. Idhini ilipaswa kuandamana na ratiba ya lazima ya kutafuta dozi ndogo inayotosha, na ufuatiliaji wa miaka, tena haraka.

Bei, kisha dozi

Kuhusu bei nitapita haraka, ingawa wakati huo ndiyo iliyotawala vichwa vya habari. AZT iliingia sokoni ikigharimu kati ya dola 8,000 na 10,000 kwa mwaka kwa mgonjwa mmoja. Dawa iliyozaliwa kwa fedha za umma na kupimwa kwenye maabara ya umma ikawa ya ghali kuliko karibu dawa zote zilizokuwapo. Septemba 1989 wanaharakati saba wa ACT UP, kundi la kupigania haki za wagonjwa wa UKIMWI, walijipenyeza kwenye Soko la Hisa la New York, wakajifunga minyororo kwenye roshani, na kukunjua bango la kuwataka watu wauze hisa za Wellcome, watengenezaji wa AZT, huku honi zao zikizima kengele ya kufungulia soko. Siku chache baadaye kampuni ilishusha bei kwa asilimia 20. Ulikuwa ushindi wa haki kabisa.

Suala la dozi halikupigiwa kelele kiasi hicho, nalo lilikuwa na maumivu zaidi. Kwa takriban miaka mitatu, miligramu 1,200 hadi 1,500 kwa siku ndiyo iliyoandikwa kwenye vyeti vya dawa. Mwaka 1989 na 1990 majaribio yalionyesha kwamba miligramu 500 au 600 zinafanya kazi ile ile, kwa madhara madogo zaidi kwa mbali. Mapema 1990 FDA ikapunguza dozi rasmi. Ukisimama hapo na kuhesabu walioongezewa damu kati ya 1987 na 1990, walioacha dawa kwa kushindwa kuivumilia, waliopata maradhi ya misuli baada ya matumizi ya muda mrefu, utaelewa kwa nini jina la AZT lilichafuka kwenye jamii zilizoishi na ugonjwa. Wale waliosema "nimemwona rafiki yangu akinyauka kwa dawa hii" walikuwa wanaeleza walichokiona kwa macho. Kuwaita wajinga ilikuwa dhuluma, na iliwasukuma mikononi mwa watu wenye majibu mepesi.

Kutoka kwa wagonjwa hadi kwa wasio na dalili

Agosti 1989 lilisimamishwa jaribio jingine la Marekani, lenye namba 019. Safari hii washiriki 1,338 walikuwa na VVU bila dalili, CD4 zao zikiwa chini ya 500. Waliofuatiliwa kwa wastani wa wiki 55 walionyesha hivi: kwenye kundi la vidonge vitupu 33 kati ya 428 walikuwa wamefikia UKIMWI, kwenye miligramu 500 ni 11 kati ya 453, kwenye 1,500 ni 14 kati ya 457. FDA ikapanua matumizi. Ghafla mtu mwenye nguvu zake, anayekwenda kazini, akaambiwa aanze AZT leo.

Tazama kilichopimwa: nani amefikia UKIMWI ndani ya takriban mwaka mmoja. Nani anaishi muda mrefu zaidi, hilo halikuonekana, kwa kuwa jaribio lilikatishwa tena. Ni pengo lile lile la 1986, ila sasa limehamishiwa kwa watu ambao hawakuwa kwenye hatari ya kufa mwezi ujao, na ambao kwa hiyo kulikuwa na muda wa kuwasubiri.

Upande wa pili wa Atlantiki walisubiri. Jaribio la Concorde, la Uingereza, Ayalandi na Ufaransa, liliandikisha watu 1,749 wasio na dalili kuanzia 1988. Nusu walianza AZT mara moja, nusu walingoja hadi waugue au kinga ishuke vibaya. Matokeo ya awali yalitoka Aprili 1993, na ripoti kamili mwaka mmoja baadaye. Baada ya miaka mitatu, waliokuwa hai ni asilimia 92 ya walioanza mapema na asilimia 94 ya waliongoja, tofauti ambayo kitakwimu haina uzito. Waliofikia UKIMWI au kufa ni asilimia 18 kila upande.

Jambo lililowashtua watafiti zaidi ni CD4. Walioanza mapema walikuwa na CD4 nyingi kuliko wenzao, na waliendelea kuwa nazo, lakini hawakuishi zaidi. Kipimo ambacho kila kliniki ilikiamini kuwa dalili ya mafanikio kilikuwa kimepanda bila kumfaidi mgonjwa kwa miaka.

Sababu ilikuwa imeanza kuonekana tangu 1989, Brendan Larder na wenzake walipochapisha kwamba virusi kutoka kwa wagonjwa waliotumia AZT kwa miezi sita au zaidi vilikuwa vimeanza kuwa sugu. VVU hujinakili kwa kasi na kwa makosa mengi. Ukivishambulia kwa dawa moja, kuna nakala chache ambazo kwa bahati zimebadilika mahali dawa inapogusa, na hizo ndizo zinazobaki na kuzaana. Kwa mgonjwa mahututi, miezi sita au mwaka wa nafuu ni maisha. Kwa asiye na dalili, ni kuitumia silaha pekee kabla adui hajafika, kisha kukutana naye mikono mitupu. Hapo jaribio la 1986 na Concorde yanasomeka kama habari moja: yote mawili yalikuwa sahihi, kila moja kwa watu wake na kwa muda wake.

Wakosoaji walipopitiliza

Baada ya Concorde, hoja ya "haiwasaidii wasio na dalili ikitumika peke yake" ilinyooshwa hadi ikawa "ni sumu inayoleta UKIMWI". Msemaji maarufu wa dai hilo alikuwa Peter Duesberg, mwanabiolojia wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley, aliyekuwa akidai tangu 1987 kwamba VVU havina madhara.

Dai hilo linaanguka kwa takwimu zile zile zilizotumiwa kulijenga. Kama AZT ingekuwa inaleta UKIMWI, kundi la Concorde lililoanza mapema lingekuwa na UKIMWI mwingi zaidi. Halikuwa nao. Tena kuna ushahidi wa wanaume wa Uingereza wenye hemofilia, ambao baadhi yao waliambukizwa VVU kupitia dawa za kugandisha damu. Kwa wenye hemofilia kali, vifo kati ya 1977 na 1984 vilikuwa 8 kwa kila 1,000 kwa mwaka. Kuanzia 1985 hadi 1992, wasioambukizwa walibaki kwenye 8 ile ile. Walioambukizwa walifikia 81 kwa 1,000 mwaka 1991 na 1992. Na vifo vyao vilianza kupanda kabla AZT haijaingia hospitalini. Sembuse mamilioni ya Waafrika waliokufa kwa UKIMWI bila kuuona hata mfuniko wa chupa ya AZT.

Wakati huo huo dawa ilikuwa inapata mahali pake. Februari 1994 jaribio la Marekani na Ufaransa lilitangaza kwamba AZT kwa mama mjamzito, wakati wa kujifungua, na kwa mtoto wiki sita za mwanzo, inashusha maambukizi ya mtoto kutoka asilimia 25.5 hadi 8.3. Hapa muda mfupi ndio unaohitajika, na usugu hauna nafasi kubwa ya kujijenga. Mwaka 1995 majaribio mawili makubwa, Delta na lile la Marekani lenye namba 175, yalithibitisha kwamba AZT pamoja na dawa nyingine inashinda AZT peke yake, na kufikia 1996 mchanganyiko wa dawa tatu ulianza kuwainua watu waliokwisha kuandika wosia. AZT ilikuwa mojawapo ya tatu hizo, kwa dozi iliyopungua kuliko nusu ya ile ya 1986.

Mzozo ungepaswa kuishia hapo. Haukuishia, ulihamia Afrika Kusini. Mwaka 1998 serikali ilikataa kutoa AZT kwa wajawazito kwa hoja ya gharama. Tarehe 28 Oktoba 1999 Rais Thabo Mbeki alisimama mbele ya Baraza la Taifa la Mikoa akasema kuna maandiko mengi ya kisayansi yanayodai dawa hiyo ni hatari kwa afya, na akaagiza waziri wake wa afya, Manto Tshabalala-Msimang, alichunguze. Mwaka uliofuata Duesberg alikaa kwenye jopo la kumshauri rais. Madhara ya kweli ya mgonjwa aliyemeza miligramu 1,500 kila siku kwa miezi mingi yaligeuzwa kuwa sababu ya kumnyima mama dozi ya wiki chache, kipimo kingine, kwa lengo jingine kabisa. Hili ndilo kosa la 1987 likirudiwa kinyumenyume, na safari hii waliolipa walikuwa watoto wachanga.

Treatment Action Campaign, shirika la wanaharakati lililoanzishwa Desemba 1998 na Zackie Achmat na wenzake, liliipeleka serikali mahakamani, na Julai 2002 Mahakama ya Katiba ikaamuru vizuizi viondolewe. Amri ilihusu nevirapine, dawa ya dozi moja kwa mama na moja kwa mtoto, kwa kuwa ndiyo iliyokuwa nafuu na rahisi. Utafiti wa Chuo Kikuu cha Harvard uliotoka 2008 ulikadiria kwamba ucheleweshaji wa dawa za UKIMWI nchini humo kati ya 2000 na 2005 uligharimu maisha ya watu zaidi ya 330,000. Mapema mwaka huo huo, 2008, mwongozo wa taifa wa Afrika Kusini ulibadilishwa, na wajawazito wenye VVU wakaanza kupewa AZT kwenye kliniki za serikali kuanzia wiki ya 28 ya ujauzito.